Daftari la Mwalimu Salvatori

Bukiriro, alasiri, kesho unaondoka

Editha wangu,

Nimejifungia chumbani kwako nikawaambia watu nakunja nguo zako. Uongo mtupu, nguo zimekunjwa tangu asubuhi. Nimekaa juu ya sanduku lako na kalamu niliyomwibia baba yako, naandika mbio kabla hujarudi kutoka kumuaga bibi yako. Wanawake wa jumuiya wamejaa uani wanamenya ndizi, wameanza kuimba kabla hata sufuria halijainjikwa. Baba yako kamaliza kuchuna mbuzi, na sasa anamwambia kila apitaye njiani kwamba kesho binti yake anakwenda kufundisha hisabati chuo kikuu. Aliyekwisha kuambiwa, akirudi kwa njia hiyohiyo, anaambiwa tena. Mwanangu, nina furaha mpaka mashavu yananiuma!

Sitakuandikia habari za kuchemsha maji wala kufunga mlango. Ukifika huko utafanya unavyotaka, nakujua. Nataka nikujibu swali lako. Siku ile ndani ya basi uliniuliza, "Mama, ulikuwa unafikiria nini?" Nami nikakuambia unyamaze, watu wanasikia. Tangu hapo tumeshinda kesi, tumecheka, tumekumbatiana, lakini swali lile halijajibiwa. Mdomo wangu hodari wa kugombeza tu. Acha mkono ujaribu.

Ulikuwa na miaka tisa watu walipovuka mpaka kwa wingi, wakikimbia vita vya ng'ambo. Wiki moja kilima kilikuwa malisho, wiki ya pili kilikuwa maturubai matupu, moshi na watoto wanaolia. Mwanzoni tuliwapokea. Nani angewanyima maji watu waliotembea vile? Lakini wingi ule, mwanangu, hata kama wote wangekuwa malaika wangehitaji kuni. Miti ikaisha. Migomba yetu ikakatwa kwa ajili ya kuezekea, maharage yakachumwa hayajakomaa, mbuzi wawili wakapotea. Baba yako akaenda Bisibo kulima shamba la kaka yake, angalau tupate mbegu. Aliniambia wakati anaondoka, "Paskazia, vumilia. Usije ukaenda kupanga foleni kule kambini. Sisi ni wenyeji."

Wenyeji! Wenyeji tuliokuwa tunakula majani ya maboga asubuhi na jioni. Wewe ulianza kulala darasani, ukawa na shingo nyembamba. Siku ya nne nikakushika mkono tukaenda.

Foleni ilikuwa ndefu, jua kali. Yule mwandishi wa orodha aliuliza kwa Kirundi, nami nikamjibu kwa Kihangaza changu hikihiki, na tukaelewana kila neno. Akauliza tunatoka kilima gani. Nikataja kilima alikoolewa shangazi yangu, ambako nimelala siku mbili tu tangu nizaliwe. Akaandika. Kidole gumba changu kikapigwa chapa kwenye kadi ya chakula, kidole chako kikachovywa wino. Uliponiuliza ni cha nini nikakuambia ni alama ya chanjo. Ukashangaa, "Mbona sijachomwa sindano?" Nikasema yako ni ya kidole. Ulitembea njia nzima ukijisifu kwamba hukulia.

Basi ndivyo nilivyokuwa nafikiria, Editha. Nilifikiria mahindi. Sikufikiria chuo kikuu, sikufikiria mahakama, sikufikiria kwamba karatasi inaweza kukaa kwenye kabati miaka yote hiyo bila kuliwa na mchwa. Kwetu kila kitu huliwa na mchwa!

Baba yako aliporudi akakuta kopo la mafuta jikoni, nikamwambia ni msaada wa parokia. Nilimtazama machoni kabisa, na Jumapili nikaenda kukomunika. Loo, nilikuwa jasiri wa ovyo.

Na hapa ndipo kosa langu linaponichanganya kichwa hadi leo. Shule yetu wakati ule ilikuwa na mwalimu mmoja kwa madarasa matatu. Kadi ile ikakufungulia mlango wa shule ya kambini, na huko alikuwako Mwalimu Salvatori. Ukasoma kwake darasa la tatu, la nne na la tano, kisha ndipo nikakurudisha hapa umalizie. Bila kadi usingemjua Mwalimu Salvatori. Bila yeye, hisabati ungeichukia kama nilivyoichukia mimi. Sasa niombe msamaha au nishukuru? Padri nilimuuliza, akaniambia nifanye vyote viwili.

Mwalimu wewe unamkumbuka kwa namba. Mimi namkumbuka kwa mvua. Mchana mmoja mto ulijaa, akakusindikiza mpaka hapa, mwendo wa saa moja na nusu kwa miguu, amekubeba kuvuka bondeni. Akaingia nawe uani. Aliiona nyumba yetu ya tofali, akaona bati lenye kutu ya miaka, akaona kaburi la babu yako lenye msalaba wa saruji. Mkimbizi gani ana kaburi la babu uani? Nikapiga magoti palepale kwenye tope.

"Simama, Mama Editha," akasema. "Mimi nafundisha namba. Kuhesabu watu ni kazi ya wengine."

Akaketi, akala ndizi na maharage, akaniambia kwao alikuwa akifundisha watu wazima chuo kikuu, na wachache walikuwa wanauliza maswali kama yako. Mtu wa namna ile, ubao wake ulikuwa kipande cha mbao kilichopakwa mkaa! Wakati wa kuaga akauliza, "Hapa panaitwaje?" Nikamwambia, Bukiriro. "Bukiriro," akarudia taratibu. Nikadhani ni mazungumzo tu.

Miaka ikapita, ukafaulu, ukafaulu tena, na ile barua ya ajira ikaja. Nilicheza mpaka kanga ikanidondoka mbele ya mwenyekiti wa kijiji. Halafu siku chache kabla hujaripoti, barua ya pili: uteuzi umefutwa. Mwenzako aliyeikosa nafasi alikuwa ameisoma historia yako ya masomo kwa miwani, akaona shule ya kambini, akaenda kuchimba. Tangazo lilitaka raia, wakasema, na orodha ya zamani ya kambi inaonyesha huyu ni mkimbizi. Hata kukuita wakusikilize hawakukuita.

Ulipokwenda kumwona wakili, yule dada mwembamba wa Bukoba, nilijivunia. Nikasema, mtoto wangu haonewi. Naye wakili akaja na karatasi ya kiapo, akanisomea: mimi Paskazia, ni mama mzazi wa Editha, nimemzaa hapa Bukiriro, na mtoto huyu hajawahi kuandikishwa kama mkimbizi. Akaniuliza, "Ni kweli yote, mama?"

Mwanangu, mlango ulikuwa wazi pale. Ungenigharimu aibu ya dakika tano mbele ya wanawake wawili, mmoja nimemzaa mwenyewe. Nikasema ni kweli yote. Nikasaini. Muhuri ukagongwa, na mlio wa muhuri ule naujua mpaka leo. Kadi niliichukua kwa njaa, na njaa naijua ilivyo, sijihukumu sana kwa hiyo. Kiapo kile nilikitoa nimeshiba. Nilikitoa kwa sababu sikutaka unione mdogo.

Upande wa pili wakaleta nakala ya kadi, yenye chapa ya kidole changu. Nikaitwa mahakamani Bukoba kuhojiwa.

Tulipofika Nyakahura basi likasimama kusubiri askari wa kusindikiza mabasi kwenye pori. Wengine wakashuka, sisi tukanunua mahindi ya kuchoma dirishani. Ukaniambia, "Mama, ile karatasi yao wametengeneza tu, sivyo? Wakili anasema tukiionyesha ni ya kughushi tumeshinda." Ulikuwa na punje shavuni. Ulikuwa na furaha! Nikajua nikinyamaza hapo utaingia mahakamani kichwa juu, halafu utaanguka mbele ya watu, na mimi ndiye niliyekusukuma. Nikasema, "Kidole ni changu."

Hukulia, hukupiga kelele. Uliuliza lile swali, nikakuambia unyamaze, ukainuka ukaenda kukaa mbele karibu na dereva. Pori zima, Biharamulo nzima, mpaka Bukoba, niliona kisogo chako tu. Nilitamani unitukane.

Na wakili je! Alishika kichwa kwa mikono miwili. "Mama, unajua unaweza kufungwa?" Nikamwambia najua, nifungwe, lakini mtoto apate kazi yake. Akasema haiendi hivyo, ukikubali kadi ni yako umewapa kesi, labda tuwe na mtu wa kueleza mtoto huyu alikuwa nani kambini. Ndipo ukaongea mara ya kwanza tangu Nyakahura. Ukasema jina moja: Mwalimu Salvatori.

Mahakamani wewe uliinamisha kichwa, kwa hiyo acha nikusimulie nilivyoona mimi. Niliogopa hata nikamwamkia wakili wa chuo, kijana wa umri wako, "Shikamoo, mheshimiwa!" Naye kwa kushtuka akaitikia, "Marahaba." Mahakama nzima ikacheka, na Jaji, mama wa makamo, akajifanya anakohoa. Kicheko kile kilinisaidia. Nikasema yote, foleni, kilima cha shangazi, chanjo ya kidole. Jaji akauliza, "Kwa nini ulidanganya kwenye kiapo?" Nikajibu, "Aibu, mheshimiwa." Akaandika kwa muda mrefu. Kisha akatupa mpaka Ijumaa ya wiki ya pili yake kumleta shahidi.

Nilirudi kwetu Ngara nikaenda moja kwa moja kambini bila kupita nyumbani. Nusu ya vibanda vilikuwa vimebomolewa, watu wanarudishwa kwao. Nikamkuta Mwalimu amefunga mzigo wake kwa kamba. Kitanda ameshauza. Jina lake lilikuwa kwenye malori ya Alhamisi, siku moja kabla ya kesi, na malori yanayofuata hayajulikani ni lini. Alikuwa ameingoja siku ile miaka yote, Editha. Nilianza kumweleza, nikalia, nikaeleza vibaya, nikaanza upya. Aliniuliza kitu kimoja tu: "Jaji huyo anaanza kusikiliza saa ngapi?"

Halafu akaingiza mkono ndani ya mzigo, akatoa mfuko wa plastiki, na ndani ya mfuko daftari.

Haya, Ijumaa ile! Hapo najua uliinua kichwa, lakini nataka niisimulie hata hivyo, nimeisimulia kisimani mara nyingi na bado sijaishiba. Mwalimu amesimama na koti lililopauka, kibali chake cha kutoka kambini kimekunjwa mfukoni. Karani anamuuliza, "Kazi yako?" Anajibu, "Mkimbizi." Karani anasema hiyo si kazi. Mwalimu anasema, "Nimeifanya miaka mingi kuliko ile nyingine."

Akafungua daftari la mahudhurio. Akaeleza kwamba kila mtoto aliandikwa jina, na kwenye safu ya pili mahali anapotoka, ili wakati wa kurudi wasipotee. Wakili wa chuo akalipokea, akapitisha kidole kwenye majina ya huko ng'ambo: Muyinga, Muyinga, Kirundo, Muyinga. Akafika kwako, akasimama.

"Hapa pameandikwa Bukiriro," akasema. "Bukiriro iko sehemu gani huko kwenu?"

"Kwetu haipo," Mwalimu akajibu. "Iko Ngara. Nimekula ndizi huko."

Yesu na Maria! Watu walipiga makofi mpaka karani akagonga meza. Miaka yote ile, wino ule ulikuwa umekaa kwenye mfuko wa plastiki chini ya kitanda cha mtu, umeandika ukweli wakati mimi naandikisha uongo. Aliandika kwamba kwenu ni Bukiriro siku ileile ya mvua. Hakutuambia, na wala hakutaka shukrani.

Na hukumu ilipokuja, Jaji akasema kadi ya chakula inaonyesha nani alipewa chakula, haionyeshi nani kazaliwa wapi, na kwamba chuo hakikuwa na haki ya kukuvua nafasi bila kukusikiliza. Barua ya kukufuta ikafutwa. Halafu akanitazama mimi. Akasema, "Mama, kiapo si foleni ya mahindi. Nenda nyumbani." Nilitoka pale nikitembea kama mtu aliyevuliwa viatu vya kubana.

Tulipofika nyumbani nikaona nimalize kabisa. Nikamwambia baba yako habari za lile kopo. Alikuwa ananoa panga, hakuinua hata macho. "Paskazia," akasema, "parokia gani inagawa mafuta yenye maandishi ya kizungu? Nilijua siku ileile. Nilikuwa na njaa." Miaka yote hiyo nimelala kitanda kimoja na mtu ninayemficha jambo analolijua! Nilimrushia kikapu, kisha nikacheka nikalia.

Ndiyo maana nasema nawe leo. Hofu niliyokuwa nayo juu yenu ilikuwa kubwa kuliko nyinyi wenyewe. Ulikasirika miezi miwili, sawa, ulikuwa na haki, lakini hukuniacha. Kesho kutwa utasimama mbele ya watoto wa watu. Utakosea hesabu ubaoni siku moja, tena mbele ya yule anayejua kuliko wote, na utasikia damu ikipanda usoni. Damu hiyo naijua mimi. Futa ubao uandike upya, mwanangu, palepale, kabla haijawa kiapo.

Sasa sikiliza, nakaribia kukutwa, nasikia bibi yako anaimba njiani, ina maana anakusindikiza na atalala hapa.

Mwalimu Salvatori aliondoka na malori ya baadaye, hilo unalijua. Usilolijua ni kwamba juzi mfanyabiashara wa maharage aliniletea barua yake. Nimeificha siku mbili ili nisikuharibie sherehe, lakini nimeapa kutoficha tena, kwa hiyo nimeiweka humu ndani ya bahasha, isome mwenyewe. Amerudi chuoni kwake wamemwambia jina lake halimo tena. Wanasema aliacha kufundisha, miaka yote aliyokuwa huku inahesabiwa ni bure, na asipoleta uthibitisho kwamba alikuwa anafundisha, nafasi yake anapewa mwingine. Ameandika kwamba si kitu, anatusalimia tu. Ameandika "si kitu" mara tatu kwenye ukurasa mmoja.

Daftari lake, wakili alinirudishia baada ya kesi, na Mwalimu alishasema libaki kwako. Nimelifunga kwenye kanga yangu ya harusi, liko chini kabisa ya sanduku hili nililolikalia. Lina tarehe za kila siku aliyofundisha, mvua na jua, na saini yake chini ya kila wiki. Wewe kesho kutwa unapewa karatasi zenye nembo ya chuo, na jina lako litakuwa na uzito ambao langu halijawahi kuwa nao. Kabla hujaniandikia mimi kwamba umefika salama, mwandikie yeye. Ukihitaji kiapo cha kuambatanisha, niite, nitapanda basi siku hiyohiyo, na safari hii nitasema kweli tangu mara ya kwanza.

Siku ile mbele ya Jaji walimuuliza kazi yake akajibu mkimbizi. Wewe unaijua kazi yake, Editha. Iandike.

Mama yako,
Paskazia